Msomaji wa Pili

Wenzangu mnaobaki kituoni mliniomba niandike jinsi kazi ilivyokuwa tangu nilipoanza hadi nilipostaafu mwezi uliopita. Habari za vyeo mtazikuta kwenye faili langu, na hazitawachukua muda mrefu. Mimi nitaandika habari za nyavu, madaftari na baridi ya Shume, kisha nitaandika habari za wivu. Hiyo ya mwisho hamkuiomba. Naiandika kwa sababu bila hiyo mengine yote yatakuwa ni kujisifu tu.

Siku ya kwanza nilifika nimevaa viatu vya ngozi vya kaka yangu, nimevipaka rangi mpaka vinang'aa. Nilizaliwa Shume, baba analima kabichi na viazi, na nilidhani mtu aliyeajiriwa hakanyagi tena matope. Fundi mkuu wakati huo alikuwa Mzee Hoza, mtu mfupi mwenye sauti ndogo, na kila mmoja wetu alimwogopa. Nilimwamkia, akaitikia, kisha akavitazama viatu vyangu kwa muda.

"Hivyo ni vya harusi," alisema. "Rudi nyumbani, njoo na gambuti."

Nilirudi nyumbani. Nilipofika tena saa nne, nilimkuta msichana amekaa kwenye benchi nje ya stoo, gambuti zake miguuni zina matope tayari. Huyo ndiye Stella. Baba yake alitoka Njombe na mama yake Kigoma, wote wachuma chai, naye alilelewa kambini huko Usambara Mashariki. Alikuwa na shahada, mimi nina cheti. Alikuja kusoma vyura na vinyonga, mimi nilipangiwa ndege. Tuliandikishwa siku moja, lakini kwa ajili ya viatu vile jina lake lilitangulia langu kwenye kitabu cha mahudhurio, na likaendelea kutangulia miaka yote tuliyokaa pamoja. Mtasema ni jambo dogo. Nami nilikuwa nikijiambia hivyo kila asubuhi.

Mzee Hoza alitufundisha vitu viwili. Cha kwanza kilikuwa kumtoa ndege kwenye wavu. Nyavu zetu ni nyembamba kiasi kwamba ukungu ukishuka huzioni, na ndege akiingia hujizungusha humo mpaka unadhani amefumwa. Unaanza na miguu, halafu bawa, kichwa mwisho, na hukasiriki. Ukikasirika, unaweka mkono mfukoni kwanza. Mzee Hoza alikuwa akisimama nyuma yangu akiona vidole vinaanza kuharakisha, ananong'ona kwa Kishambaa niache, nipumue, nianze upya. Ndege akitoka, anaingia kwenye mfuko wa kitambaa, anapimwa kwa mizani ya kuning'iniza, anavalishwa pete yenye namba mguuni, anaandikwa daftarini, anaachiwa. Siku za baridi kali wengine walikuwa wakizubaa, hawaruki. Hao nilikuwa nawaweka ndani ya koti, kifuani, nikaendelea na kazi mpaka nisikie wameanza kunidonoa.

Cha pili kilikuwa msomaji wa pili. Kila daftari la porini lilisomwa kesho yake na mtu mwingine, mstari kwa mstari, kwa penseli. Akiridhika anaandika chini ya ukurasa, "Nimesoma, sahihi," na kutia saini. Asiporidhika anakuja kukuuliza. Mzee Hoza alituambia tukiwa tumesimama mbele ya meza yake: "Kosa ukiliandika bila kujua ni la mwenye daftari. Ukilisoma, ukaliona, ukatia saini, ni lako. Mwenzio hayumo tena." Alinipa madaftari ya Stella, akampa Stella yangu. Tulisomana hivyo miaka ishirini na sita.

Nitawaambia alikuwa msomaji wa namna gani. Msimu mmoja wa vuli nilivalisha pete ndege wengi kuliko kawaida, na jioni nikaingiza namba nikiwa nimechoka. Kesho yake niliomba ruhusa, mtoto wangu wa kwanza, Zuhura, alikuwa na homa. Adhuhuri nikasikia hodi. Stella alikuwa mlangoni, amelowa mpaka mabegani, daftari langu amelifunga kwenye mfuko wa nailoni. Alimsalimia mke wangu, akamgusa mtoto paji la uso, kisha akaniita pembeni.

"Baba Zuhura, hapa umeandika sita. Pete zilizotumika jana hazina sita hiyo. Nadhani ulikuwa umeigeuza tisa."

Angeweza kungoja nirudi kazini. Angeweza kuuliza mbele ya watu. Alitembea njia yote ile kwa miguu kwa sababu taarifa ilikuwa inapelekwa mchana huo, na hakutaka iende na kosa langu. Nilisahihisha, akasaini, akakataa chai, akarudi. Siku ile nilimpenda kama dada. Niandike hilo pia, maana yanayofuata si mazuri.

Madaftari yake yalikuwa na ugonjwa mmoja. Vipimo vilikuwa safi, urefu wa chura, unyevu wa majani, kimo cha tawi, huwezi kumkamata popote. Lakini pembeni mwa ukurasa alikuwa akiandika mambo mengine. "Huyu kinyonga amenitazama kama mjomba anayesubiri kuamkiwa." "Vyura wa bonde hili wamenyamaza ghafla, nami nimejiona kama mgeni aliyeingia msibani akicheka." Mimi nilikuwa nayakata kwa penseli nyekundu na kuandika, "Si kipimo." Alikuwa akicheka. "Sawa, afande," anasema, na wiki inayofuata anaandika mengine. Nilimshtaki kwa Mzee Hoza. Mzee alisoma kurasa kadhaa, akatabasamu, jambo ambalo sikuwahi kumwona akilifanya juu ya daftari langu, akasema, "Aandike pembeni. Asiingize katikati tu." Wivu wangu ukihitaji siku ya kuzaliwa, ni ile.

Miaka ile mimi kazi yangu kubwa ilikuwa hondohondo, yule ndege mkubwa mwenye mdomo mzito ambaye mabawa yake yakipita juu ya msitu unasikia kama mtu anapepeta. Jike wake huingia kwenye tundu la mti, akaziba mlango kwa udongo anaoletewa na dume, akabakiza upenyo mwembamba. Dume humlisha kupitia upenyo huo kwa miezi. Nililala chali chini ya miti yao misimu mingi, shingo imekauka, nikihesabu safari za dume na matunda aliyoleta. Nililiona pia la mwisho, ambalo wengi hawalioni kwa kukosa subira: wakati wa kutoka ukifika, jike mwenyewe huubomoa ukuta kutoka ndani, kwa mdomo wake, kipande kwa kipande. Niliandika ripoti. Iko kwenye rafu ya maktaba yetu, na kwa ninavyojua imesomwa na watu watatu, mmoja wao ni mimi.

Stella nilimsimulia hayo yote njiani, tukipanda na kushuka. Alikuwa msikilizaji mzuri mno. Hilo nalo nilikuja kulichukia.

Ilipobaki miaka mitano afikie umri wa kustaafu, aliacha kazi. Alisema anataka kuandika. Tulidhani ni kitabu cha vyura. Baada ya mwaka na miezi alikuja nyumbani kwangu, siku ya Jumapili asubuhi, na bunda la karatasi limefungwa kwa kamba ya katani.

"Ni riwaya," alisema, kana kwamba anaungama. "Mchapishaji ameikubali. Lakini mimi siwezi kuiachia kabla hujaisoma wewe. Ndege humo wamejaa, na ndege si wangu. Isome kama daftari, Baba Zuhura. Ukimaliza, saini."

Niliisoma kwa siku nne, nimekaa nje juu ya kigoda, mke wangu akinipitia na kunitazama. Nilitaka iwe mbaya. Nilianza na penseli imechongwa tayari. Nikakuta msitu wangu umo, njia zangu zimo, ukungu unaoingia mchana kupitia mashamba ya Shume umo vilevile unavyoingia, na yale maneno ya pembeni niliyokuwa nayakata kwa penseli nyekundu yametoka pembeni, yamekaa katikati, na yanapendeza. Mimi pia nimo. Kuna fundi wa ndege mzee, msumbufu kidogo, anatokea kurasa mbili kisha anakufa kwa nimonia. Sijawahi kuugua nimonia hata siku moja.

Riwaya yenyewe ni habari za mwanamke wa bondeni Magoma anayeolewa milimani, anajifungia ndani ya nyumba baada ya kufiwa na mtoto, hazungumzi na mtu. Mume anamlisha kupitia dirishani. Juu ya nyumba kuna mti, na mtini kuna hondohondo. Karibu na mwisho, mume anamwona hondohondo dume akiubomoa ukuta kwa mdomo wake kumtoa mkewe, naye anachukua shoka na kuubomoa mlango. Ukurasa ule niliusoma nikalia. Niliusoma tena, nikalia tena, huku najua wazi kwamba ni uongo. Dume habomoi. Stella alikuwa amelichanganya, au kumbukumbu ilimgeuzia nilichomwambia njiani miaka ile.

Penseli ilikuwa mkononi. Lilikuwa jambo la kuandika maneno matatu. Badala yake niliwaza: siku moja atasimama mbele ya watu, na mtu anayejua ndege atamuumbua. Itajulikana basi kwamba kuandika vizuri si kujua. Niliona raha. Nasema kama ilivyokuwa. Nilisahihisha jina la mmea mmoja na mwezi wa kuchanua kwa mwingine, ili aone nimefanya kazi. Kisha chini ya karatasi ya mwisho nikaandika, "Nimesoma, sahihi," nikatia saini.

Alipokuja kuchukua mswada alisoma saini ile, akaikunja karatasi peke yake na kuiweka ndani ya Biblia yake ndogo aliyokuwa nayo mkobani. "Sasa nitalala," alisema.

Kitabu kilitoka. Jina lake sitalitaja, hakihitaji tangazo langu. Kilisomwa Lushoto, kilisomwa Tanga, kikafika mahali ambapo mimi sijafika. Redio zilimhoji habari za ndege. Ndege, jamani, si vyura. Nikienda sokoni wauza karoti wananiuliza kama ni kweli nilifanya kazi na yule mama. Mwalimu mmoja alinieleza mimi, kwa hisani yake, jinsi hondohondo dume anavyombomolea mkewe ukuta, akaongeza kwamba wanaume tungejifunza. Nilimwitikia. Nilikuwa ninangoja mtu wa kumuumbua Stella, na kila mtu alikuwa anakuja kumsifu.

Mtu huyo alikuja baada ya mwaka. Stella alialikwa kuzungumza na wasomaji katika ukumbi wa shule moja hapa mjini, Jumamosi asubuhi. Nilikaa nyuma, karibu na mlango. Wakati wa maswali alisimama bibi mmoja, kanga mbili, fimbo ya mwanzi. Alijitambulisha kuwa ni Bi Mwanahawa, mkulima wa hiliki kutoka Zirai, amekuja kumtembelea binti yake aliyeolewa huku.

"Shikamoo, bibi," Stella alisema.

"Marahaba, mwanangu. Kitabu nimesomewa na binti yangu, siku sita. Nimelia. Hongera sana. Ila yule ndege umemwonea. Mimi hiliki yangu iko chini ya mti wao. Dume habomoi. Dume yuko tawini, anatazama tu kama hawa wetu." Watu walicheka. "Jike anatoka mwenyewe. Anagonga, anapumzika, anagonga. Mimi namwona kila msimu."

Hii ndiyo siku niliyoingoja. Stella alingoja kicheko kiishe, akasema kwa upole kabisa:

"Bibi yangu, nakuheshimu sana. Lakini kitabu hiki sikukiachia mpaka kiliposomwa na mtu anayewajua ndege wa milima hii kuliko yeyote ninayemfahamu. Alikisoma neno kwa neno, akatia saini. Hilo lingekuwa kosa, angeniambia. Tena yuko hapa, kule nyuma. Baba Zuhura, tafadhali simama uwaambie."

Ukumbi mzima uligeuka. Bi Mwanahawa naye aligeuka, akanitazama, nywele nyeupe, koti la kazini bado lina jina la kituo. Nikamwona anaanza kuketi.

"Basi, mwanangu," alimwambia Stella. "Kama mtaalamu amesema. Labda ni macho yangu."

Hilo sikuwa nimelipanga. Katika mipango yangu yote alikuwamo Stella peke yake. Hakuwamo mwanamke aliyekaa chini ya miti kama ile niliyolala chini yake mimi, akaona nilichokiona mimi, na ambaye sasa alikuwa yuko tayari kuyakana macho yake kwa ajili ya saini yangu.

Nilisimama. "Bi Mwanahawa asiketi," nikasema. "Ameona sawasawa. Jike hutoka mwenyewe. Nimeliona hilo misimu mingi, na liko kwenye ripoti yangu."

Stella alikunja uso kidogo, kama mtu anayesoma mwandiko mbaya. "Ina maana lilikupita uliposoma?"

Aliniachia njia hapo. Ningesema ndiyo, uzee, macho, siku nne ni chache.

"Halikunipita. Nililiona, nikaliacha."

"Kwa nini?" Hilo halikuulizwa na Stella. Aliuliza Bi Mwanahawa, akiwa bado amesimama nusu.

"Wivu, bibi," nilisema. Hakuna aliyecheka.

Stella alimwomba Bi Mwanahawa aje mbele, akampa kiti chake, akatoa karatasi mkobani, na mbele ya watu wote akaanza kumuuliza. Jike huanza kugonga saa ngapi? Hupumzika mara ngapi? Udongo unaanguka ndani au nje? Bibi alijibu vizuri kuliko ripoti yangu, na Stella aliandika kila neno. Mimi nilikuwa nimesimama bado. Hakuna aliyeniambia nikae.

Baadaye alinikuta nje, nimeegemea ukuta. Macho yake yalikuwa mekundu lakini sauti ilikuwa ya kawaida.

"Ungekataa kuisoma, ningekuelewa," alisema. "Ungenitukana kwamba haifai, ningeumia, ningekuelewa. Yule bibi nusura nimfanye mwongo mbele ya watu, Baba Zuhura. Kwa jina lako."

"Nisamehe, dada."

"Nimekusamehe." Alisema hivyo na ni mtu wa kutimiza anachosema. Alikuja msibani nilipofiwa na kaka yangu, akakaa jikoni na wanawake tangu asubuhi mpaka jioni. Kila Idi hunitumia salamu, na msimu wa matunda hutuletea kapu la pea. Toleo la pili la kitabu chake lilipotoka, mwanamke wa Magoma anauvunja mlango mwenyewe, mume amesimama uani na shoka lake hajui la kufanya nalo. Ni zuri kuliko lile la kwanza. Mbele amemshukuru Bi Mwanahawa wa Zirai.

Niliposikia anaandika riwaya nyingine, nilichonga penseli. Mke wangu aliniona. Kila Jumapili asubuhi nilitoa kigoda nje. Ilipita miezi, nikajiambia bado hajamaliza, anaandika polepole siku hizi.

Wiki ya mwisho ya kazi nilikuja kituoni mapema kukabidhi stoo. Pale kwenye meza ya dirishani niliyoizoea kuwa ya Stella alikuwa amekaa Neema, yule binti wa vyura aliyeajiriwa mwaka juzi. Mbele yake bunda la karatasi, kamba ya katani imewekwa pembeni, penseli mkononi. Aliniona, akaufunika ukurasa kwa kiwiko kwa adabu tu, kama mtu anayemstiri mzazi.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba. Unasoma nini?"

"Kazi tu, mzee."

Mwandiko wa pembeni niliujua kutoka mlangoni, ni wa Stella. Nilikabidhi nyavu, mizani, mifuko ya kitambaa, nikahesabiwa pete zilizobaki, na muda wote nilisikia penseli ya Neema ikikwaruza karatasi nyuma yangu. Nimemwonea Stella wivu kwa kitabu cha mahudhurio, kwa tabasamu la Mzee Hoza, kwa redio, kwa wauza karoti. Uyaweke yote pamoja, hayafikii wivu niliomwonea asubuhi ile msichana ambaye bado hajui kumtofautisha kwerea na chiriku.

Neema, najua nawe utasoma hapa. Ukikuta kosa, mwambie siku hiyohiyo, hata kama mvua inanyesha. Na ukifika penye ndege ukawa huna hakika, nyumbani kwangu unapajua. Njoo na ukurasa huo mmoja tu. Sitauliza ni wa kitabu gani.